Medgar Evers na Dakika 17 za Televisheni

Katika kurasa hizi za maisha ya watu mashuhuri tumekwisha kusoma habari za majemadari, wavumbuzi na marais. Safari hii nawaletea habari za mtu ambaye hakuwahi kushika cheo chochote cha serikali. Alikuwa wakala wa bima, kisha akawa katibu wa chama, na alipouawa alikuwa na umri wa miaka 37 tu. Jina lake ni Medgar Wiley Evers, Mmarekani Mweusi wa jimbo la Mississippi. Wazee miongoni mwetu huenda wakalikumbuka jina hilo kutokana na habari za redio za mwezi wa Juni 1963. Vijana mlioko madarasani pengine hamjalisikia, na ndiyo sababu nimeshika kalamu.

Siwezi kuyasimulia maisha yake bila kusimulia pia habari za kituo kimoja cha televisheni, WLBT cha mji wa Jackson. Mtu huyu na kituo hicho walivutana kwa miaka minane, na hata baada ya Evers kuzikwa, kituo kile kiliendelea kudaiwa.

Evers alizaliwa tarehe 2 Julai 1925 katika mji mdogo wa Decatur. Baba yake, James, alilima na kufanya kazi katika kiwanda cha kupasua mbao. Mama yake, Jessie, alifua na kupiga pasi nguo za Wazungu. Katika mji ule Mweusi alitakiwa kushuka barabarani akikutana na Mzungu kwenye njia ya waendao kwa miguu. Mzee James hakushuka, na kwa sababu hiyo walimwona kuwa ana wazimu. Medgar na kaka yake Charles walikua wakimtazama baba huyo, na nadhani somo hilo liliwaingia kuliko yote waliyofundishwa shuleni. Shule yenyewe ilikuwa mbali, nao walikwenda kwa miguu huku basi la watoto wa Kizungu likiwapita na kuwatimulia vumbi.

Medgar alipokuwa bado mtoto, rafiki wa baba yake aliyeitwa Willie Tingle aliuawa na kundi la Wazungu kwa kudaiwa kuwa alimvunjia heshima mwanamke wa Kizungu. Hapakuwa na kesi wala hukumu. Nguo zake zenye damu ziliachwa pale pale alipofia, na kwa muda mrefu wavulana wale walizipita wakienda kuwinda. Hakuna aliyethubutu kuziondoa.

Mwaka 1943 Evers aliingia jeshini kabla ya kumaliza shule ya sekondari. Alipelekwa Uingereza na Ufaransa katika kikosi cha Weusi kilichopakia na kupakua shehena, na alifika Normandy baada ya majeshi ya washirika kutua huko mwaka 1944. Askari wetu wa KAR waliorudi kutoka Burma wangeyafahamu vizuri yaliyompata aliporejea. Huko ng'ambo alikuwa mtu, akaketi mezani na watu, akasalimiwa kwa heshima; alipokanyaga tena Mississippi alikuwa kijana wa kutumwa. Tarehe 2 Julai 1946, siku alipotimiza miaka 21, yeye na Charles pamoja na wenzao wachache waliokuwa askari walikwenda kupiga kura Decatur. Majina yao yalikuwa yamekwisha kuandikishwa. Mlangoni waliwakuta Wazungu wenye silaha, baadhi yao wakiwa watu waliokua nao. Wakarudi nyumbani bila kupiga kura.

Baada ya hapo alikwenda Chuo cha Alcorn, ambacho jimbo lilikiweka kwa ajili ya Weusi. Nawaomba wanafunzi wa sasa walizingatie jambo hili: alikuwa mchezaji wa mpira wa Kimarekani, mkimbiaji, mwimbaji wa kwaya, mtu wa midahalo, na mhariri wa gazeti la chuo. Mtu huyo mmoja! Masomo yake yalikuwa ya biashara. Huko ndiko alikokutana na Myrlie Beasley, wakaoana mkesha wa Krismasi wa mwaka 1951, naye akahitimu mwaka 1952.

Kazi yake ya kwanza ilikuwa ya kuuza bima kwa kampuni ya Magnolia Mutual ya mji wa Mound Bayou, mji ulioanzishwa na Weusi wenyewe. Tajiri wake alikuwa Dakta T.R.M. Howard, tabibu na mfanyabiashara. Kazi hiyo ilimtembeza katika mashamba ya pamba ya bonde la mto Mississippi, nyumba hadi nyumba. Aliingia katika vibanda ambavyo upepo ulipita ukutani, akaona watu wanaovuna mwaka mzima na mwishoni wakaambiwa bado wanadaiwa. Kabla hajatumwa na mtu yeyote alianza kuwaandikisha watu katika chama cha NAACP, chama kikubwa cha kutetea haki za Weusi, kilichoundwa mwaka 1909. Alisaidia pia kampeni ya kuwataka Weusi wasinunue petroli katika vituo ambavyo viliwakataza kutumia choo. Ni jambo dogo ukilisikia, lakini aliyewahi kusafiri na watoto atalielewa.

Siku hizo Evers alisoma sana habari za Kenya. Jomo Kenyatta alikuwa amekamatwa mwezi wa Oktoba 1952, akahukumiwa Kapenguria mwezi wa Aprili 1953. Evers alimstahi mno, na kwa muda alijiuliza kama watu wa bonde lile nao hawangefaa kushika silaha msituni. Wazo hilo aliliacha baadaye. Aliona damu haingezaa alichokitaka. Lakini mtoto wake wa kwanza alipozaliwa mwezi wa Juni 1953, alitaka aitwe Kenyatta. Mkewe, kwa busara ya mama anayejua mahali mwanawe atakapokulia, alitanguliza jina jingine, na mtoto akawa Darrell Kenyatta Evers. Wakati huo Kenyatta mwenyewe alikuwa kifungoni, na wachache nje ya Afrika ya Mashariki waliojua kama angetoka.

Mwezi wa Januari 1954 Evers aliomba kuingia kitivo cha sheria cha Chuo Kikuu cha Mississippi, ambacho hakikupokea Weusi. Alikataliwa kwa kisingizio cha kasoro katika barua za udhamini. NAACP ikaona kwamba mtu wa namna hiyo anafaa zaidi kufanya kazi ya chama. Mwishoni mwa mwaka huo akateuliwa kuwa katibu wake wa kwanza wa kulipwa mshahara kwa jimbo zima la Mississippi, na mwezi wa Januari 1955 akafungua ofisi Jackson.

Hapo ndipo kinapoingia kituo cha WLBT, na sina budi kwanza kueleza namna vituo vya huko vinavyofanya kazi. Wengi wetu tulikulia katika redio moja ya taifa, mali ya serikali, inayosikika kutoka mji mkuu hadi mpakani. Televisheni yenyewe ilitufikia kwa kuchelewa: Kenya ilianza mwaka 1962, na Tanzania Bara ilisubiri hadi mwaka 1994. Marekani hapakuwa na utaratibu huo. Mashirika makubwa ya NBC, CBS na ABC yalikuwa na makao yake New York, na huko ndiko vipindi vikubwa vilikotengenezwa au kupangwa. Sheria haikuruhusu shirika kumiliki vituo zaidi ya vichache, kwa hiyo katika miji mingi liliingia mkataba na kituo cha wenyeji. Kituo kilikuwa na mwenyewe, mnara wake, mtambo wake, studio yake na mafundi wake. Shirika lilikiletea vipindi kwa waya mnene wa kampuni ya simu, au kwa minara iliyopokezana mawimbi kutoka kilima hadi kilima. Kituo kikavipokea na kuvirusha kwa watu wa eneo lake. Shirika lilikilipa kituo kwa saa zake zilizotumika, nacho kiliuza matangazo ya biashara katika mapengo ya vipindi, hapa sabuni, pale duka la viatu. Habari za mji, hali ya hewa na mahubiri ya Jumapili kilizitengeneza chenyewe.

Basi kati ya New York na sebule ya mtazamaji palikuwa na mtu aliyeshika swichi. Mwenye kituo hakulazimika kurusha kila alicholetewa. Angeweza kukikata kipindi cha shirika na kuweka chake, kwa kuwa yeye ndiye aliyekuwa na leseni na yeye ndiye aliyewajibika kwa yote yaliyotoka katika mnara wake. Leseni hiyo ilitolewa na Tume ya Mawasiliano ya serikali kuu, FCC, kwa miaka mitatu tu, na mwisho wa muda huo aliomba upya. Msingi wake ulikuwa kwamba mawimbi ni mali ya umma na mwenye kituo ni mwangalizi tu. Tangu mwaka 1949 Tume iliweka pia kanuni kwamba kituo kinapozungumzia jambo lenye ubishi, lazima kiwape nafasi na wenye maoni ya upande wa pili. Kwenye karatasi, hakuna sheria nzuri kuliko hiyo.

WLBT kilianza kurusha mwezi wa Desemba 1953 katika chaneli ya 3, kikiwa na mkataba na NBC. Mwenyewe alikuwa kampuni ya bima ya Wazungu, Lamar Life. (Wakala wa bima dhidi ya kampuni ya bima, mtunga hadithi angeogopa kulitumia jambo hilo.) Katika eneo lililofikiwa vizuri na mnara wake, kiasi cha asilimia 45 ya watu walikuwa Weusi. Walinunua televisheni kwa fedha ile ile na sabuni ile ile iliyotangazwa. Lakini meneja wa kituo alikuwa mwanachama wa Baraza la Wananchi, jina la kistaarabu la chama cha Wazungu kilichoundwa ili kuzuia shule zisichanganywe baada ya hukumu ya Mahakama Kuu ya Marekani ya mwezi wa Mei 1954.

Mwaka 1955 ulikuwa mgumu. Mwezi wa Agosti kijana wa miaka 14, Emmett Till, aliyekuja kutoka Chicago kuwatembelea jamaa zake, aliuawa kwa kudaiwa kumtania mwanamke wa Kizungu dukani. Evers alivaa nguo za vibarua wa pamba, akaingia mashambani pamoja na wenzake kutafuta mashahidi ambao hawangethubutu kuonekana wakizungumza na mtu wa chama. Mashahidi walipatikana na wakasimama mahakamani. Baraza la wazee wa mahakama, wote Wazungu, likawaachia washtakiwa baada ya kushauriana kwa muda wa saa moja hivi.

Mwaka huo huo NBC ilirusha mazungumzo na Thurgood Marshall, wakili mkuu wa NAACP, aliyeshinda kesi ile ya shule. Watu wa Jackson hawakumwona. Picha ilikatika, na mahali pake pakatokea maandishi ya kuomba radhi kwa hitilafu ya waya. Malalamiko yaliyopelekwa kwa Tume yalidai kuwa kituo kilikata kwa makusudi. Waya ule ulijua kuchagua saa ya kuugua. Niongeze hapa kwamba Marshall huyo huyo ndiye aliyekwenda London mwaka 1960 kuwasaidia wajumbe Waafrika wa Kenya katika mkutano wa Lancaster House, akaandika rasimu ya haki za raia kwa ajili ya katiba yao.

Mwaka 1957, wakati wa ghasia za shule ya Little Rock, WLBT kilirusha kipindi cha kutetea ubaguzi. Evers aliomba nafasi ya kujibu, akanyimwa. Malalamiko yakapelekwa tena Washington. Leseni ilipokwisha muda mwaka 1958, Tume ilisitasita kidogo, kisha ikaitoa kwa miaka mitatu mingine. Ilikiri kwamba kanuni ilivunjwa, lakini ikaona makosa yalikuwa ya hapa na pale tu. Mwezi wa Septemba 1962 James Meredith, ambaye Evers alimsaidia tangu mwanzo, alipokuwa akiingia Chuo Kikuu kile kile kilichomkataa Evers, meneja alitumia kituo kuwahimiza watazamaji wapinge. Ghasia za siku hizo ziliua watu wawili.

Ndugu zangu, mtu anaweza kuuliza kwa nini katibu wa chama, mwenye watu waliofukuzwa kazi, waliopigwa na waliouawa wa kuwashughulikia, ahangaike na televisheni kwa miaka yote hiyo. Mimi naona Evers alilifahamu jambo ambalo wengi hawakulifahamu. Mzungu wa Jackson hakuwahi hata mara moja kumsikia Mweusi akizungumza naye kama mtu mzima kwa mtu mzima. Alimsikia mpishi wake na mtunza bustani wake, nao walisema yale yaliyowahifadhia kazi. Kwa hiyo aliamini kwa dhati kwamba Weusi wake wameridhika, na wenye kulalamika ni wachochezi kutoka nje. Hapakuwa na mahali pengine pa kuuvunja uongo huo isipokuwa katika sebule yake mwenyewe.

Nafasi ilipatikana mwezi wa Mei 1963. Tangu Desemba 1962 Weusi wa Jackson walikuwa wamegomea maduka ya barabara ya Capitol, ambayo yalichukua fedha zao lakini hayakuwaajiri ila kwa kufagia. Madai yao yalikuwa mepesi: waitwe kwa heshima, wahudumiwe kwa foleni, vibao vya ubaguzi viondolewe, waajiriwe. Meya wa mji, Allen Thompson, alitokea katika televisheni akawasifu Weusi wa Jackson kwa maisha yao mazuri, akakataa madai na kuwalaumu wachochezi wa nje. Evers akadai muda wa kujibu kwa mujibu wa kanuni ya Tume. Safari hii Tume yenyewe ilikuwa imekwisha kuanza kuulizauliza habari za vituo vya Mississippi, na WLBT kikaona heri kukubali.

Tarehe 20 Mei 1963, jioni, Medgar Evers alionekana katika chaneli ya 3 kwa dakika 17. Kwa Weusi wengi wa eneo lile ilikuwa ajabu ya kutoamini macho: mtu wa rangi yao, amevaa suti na tai, anazungumza polepole, na waya haukuugua. Hakutukana wala hakutisha. Alianza kwa kueleza kwamba yeye si mtu wa nje. Alizaliwa Mississippi na aliitumikia nchi hiyo ng'ambo katika vita. Akaeleza kwamba chama chake kilikuwa na tawi Mississippi tangu mwaka 1918. Kisha akamweleza Mzungu namna mji wao mmoja unavyoonekana kwa macho ya jirani yake Mweusi: maktaba asizoweza kuingia, bustani asizoweza kupumzika, shule za watoto wake, mke wake anayeitwa kwa jina lake la kwanza na karani wa duka. Akataja kwamba Mweusi wa leo ana redio na televisheni, anajua yanayotendeka duniani siku ile ile. Anajua kuna mataifa mapya huru Afrika, na kwamba mwenyeji wa Kongo anaweza kuendesha gari la moshi, hali yeye Jackson haruhusiwi kuendesha hata gari la takataka. Mwishowe aliwaomba Wazungu wenye dhamiri, wale waliokaa kimya, wajitokeze.

Hotuba yenyewe ni kavu kidogo, ya mtu aliyezoea kuandika ripoti. Nguvu yake ilikuwa katika kuonekana kwake. Na hapo hapo palikuwa na hatari yake. Kabla ya siku ile Wazungu wengi walilijua jina la Evers tu. Baada ya siku ile waliijua sura. Alilijua hilo kabla hajaketi mbele ya kamera. Nyumba aliyoinunua ilijengwa bila mlango wa mbele, mlango ukiwa upande wa banda la gari ili mtu asisimame wazi akielekea barabarani. Vitanda vya watoto viliwekwa chini ili wasifikiwe na risasi za dirishani. Yeye na Myrlie waliwafundisha watoto wao watatu wajitupe sakafuni wakisikia kishindo na watambae hadi bafuni, kwenye beseni la chuma.

Siku nane baada ya kipindi kile, tarehe 28 Mei, vijana walioketi kwenye meza ya chakula ya duka la Woolworth walimwagiwa sukari, haradali na sosi ya nyanya, wakapigwa. Usiku huo chupa ya petroli iliyowashwa ilitupwa katika banda la gari la Evers. Myrlie aliuzima moto kwa mpira wa bustani. Mamia ya vijana wakaandamana na kukamatwa, kiasi kwamba polisi waliwafungia katika uwanja wa maonyesho ya kilimo.

Tarehe 11 Juni 1963 Rais Kennedy alilihutubia taifa kwa televisheni, akatangaza kwamba atapeleka bungeni sheria ya haki za raia. Myrlie aliwaruhusu watoto wakeshe, wakitazama televisheni na kumsubiri baba. Evers alikuwa mkutanoni. Alirudi baada ya saa sita ya usiku, akasimamisha gari, akatoa fulana za chama zenye maandishi ya kupinga ubaguzi, na kabla hajaufikia mlango alipigwa risasi mgongoni na mtu aliyejificha kichakani ng'ambo ya barabara. Risasi ilimpita, ikavunja dirisha ikaingia mpaka jikoni. Watoto walijitupa sakafuni kama walivyofundishwa, kisha wakatoka mbio. Alifariki hospitalini kabla ya saa moja kupita.

Akiwa askari wa zamani alizikwa katika makaburi ya kitaifa ya Arlington tarehe 19 Juni, na siku hiyo hiyo Kennedy akaupeleka bungeni muswada wake. Sheria ilitiwa saini tarehe 2 Julai 1964, siku ambayo marehemu angetimiza miaka 39. Kenya, nchi aliyompa mwanawe jina la kiongozi wake, ilipata uhuru tarehe 12 Desemba 1963, miezi sita kamili baada ya kifo chake.

Bunduki iliokotwa karibu na pale, ikiwa na alama ya kidole ya Byron De La Beckwith, mwanachama wa Baraza la Wananchi. Alishtakiwa mara mbili mwaka 1964, na mara zote wazee wa mahakama, Wazungu watupu, hawakukubaliana. Aliyekuwa gavana, Ross Barnett, aliingia mahakamani akampa mkono mshtakiwa mbele ya watu wote. Myrlie hakuliacha jambo hilo. Kesi ilifunguliwa upya, na mwezi wa Februari 1994, miaka 30 na zaidi baada ya risasi ile, Beckwith alihukumiwa kifungo cha maisha. Alifia kifungoni mwaka 2001.

Nirudi kwenye kituo. Mwezi wa Machi 1964 Kasisi Everett Parker wa Kanisa la United Church of Christ aliwapanga kwa siri Wazungu wachache wa Jackson watazame WLBT kutoka asubuhi hadi usiku kwa wiki nzima, wakiandika kila kilichorushwa na muda wake. Daftari zao zikawa ushahidi. Kanisa hilo, pamoja na Aaron Henry na Kasisi Robert L.T. Smith, viongozi Weusi wa Mississippi, likaiomba Tume ikinyime kituo leseni. Walitaja programu zilizokatwa na maoni ya upande mmoja, na pia jambo ambalo wageni waliliona dogo: Mweusi hakuitwa Bwana wala Bibi katika kituo kile. Tume ikajibu mwaka 1965 kwa kukipa kituo leseni ya mwaka mmoja ya majaribio, ikasema walalamikaji hawana haki ya kusikilizwa kwa kuwa hawana hasara ya kibiashara wala hasara ya mawimbi. Yaani mtazamaji si mtu katika shauri la televisheni!

Mahakama ya Rufani ya Washington, chini ya Jaji Warren Burger, iliikataa hoja hiyo mwezi wa Machi 1966. Iliamua kwamba watazamaji ndio wenye mawimbi, na wana haki ya kuingia katika shauri la leseni. Tangu hapo raia wa kawaida wa mji wowote wa Marekani waliweza kusimama mbele ya Tume na kumshtaki mwenye kituo. Tume ikasikiliza shauri Jackson mwaka 1967, na kwa ukaidi wa kushangaza ikakirudishia kituo leseni mwaka 1968. Jaji Burger alikasirika. Mwezi wa Juni 1969, katika siku zake za mwisho kabla ya kuapishwa kuwa Jaji Mkuu wa Marekani, aliifuta leseni hiyo na kuamuru waombaji wapya wakaribishwe.

Lamar Life ilikabidhi kituo mwaka 1971. Mafundi wengi walibaki, mnara ulibaki, mkataba na NBC ulibaki, chaneli ilikuwa ile ile ya 3. Kilichobadilika ni mikono iliyoshika swichi: kwa muda kituo kiliendeshwa na shirika lisilotafuta faida, lenye wajumbe Weusi na Wazungu. Mwaka 1972 likamwajiri William Dilday kuwa meneja, naye ndiye Mweusi wa kwanza kuongoza kituo cha televisheni cha biashara katika Marekani. Alikalia kiti cha yule aliyeiacha picha ya Thurgood Marshall ikatike.